Tundu la Sita

Jumatatu, 3 Machi

Kapteni ametoka nyumbani! Nimerudi kutoka kununua mayai nikakuta kiti chake kitupu, kile kinachotazama ukuta, na gari halipo uani. Roho ikaniruka. Nikadhani ameliendesha kwa mkono mmoja.

Kumbe Jicho ndiye aliyekuja kumchukua. Jicho ni rafiki yake wa tangu enzi za barabarani, anauza rimu na matairi yaliyotumika, na jina hilo amejipa mwenyewe kwa sababu hapimi kitu, anaangalia tu. Wamerudi adhuhuri, Jicho kwenye usukani, Kapteni, mume wangu, pembeni, na gari letu la kupelekea keki, chini linang'aa kama sufuria za duka. Rimu mpya zote nne, na ya tano ya akiba nyuma. Za alumini. Zile za chuma zilizoota kutu Jicho amezichukua, isipokuwa moja iliyopata ufa mwezi uliopita kwenye shimo la barabarani. Hiyo wameiacha kando ya bomba la maji.

— Nimezichagua mwenyewe, Kapteni akaniambia. Nimezipima mwenyewe, kwa futi. Unaona zilivyokaa?

Nikaona. Niliona pia kwamba anacheka. Tangu kiharusi kimguse upande wa kushoto sijaona ule mdomo ukipanda pande zote mbili. Nikamwambia zimependeza, na kweli zimependeza.

Kabla sijasahau: kasema kesho tunakwenda wote kupeleka keki. Wote! Siku niliyopata leseni nilimwomba akae pembeni yangu, akanijibu, mimi si abiria. Hajaingia kwenye gari hilo tena mpaka leo. Nimelia kidogo jikoni, kisha nikapiga mayai.


Jumanne, 4 Machi

Tumekwenda. Keki ya ngazi mbili, ofisi moja ya bima, mtu anastaafu. Kapteni kiti cha abiria, mkanda kifuani, anatoa amri kama zamani: gia, kioo, tuta hilo, huyo wa pikipiki hana akili mwache apite. Nilitaka kukasirika nikashindwa. Nilikuwa nimeikosa sauti hiyo.

Ila usukani unatetemeka. Mjini hapana. Tukiingia barabara kubwa, mshale ukigusa themanini, usukani unatetemeka mpaka kwenye viwiko. Nikipunguza, unatulia. Kapteni kasema rimu mpya zina tabia ya kujizoesha. Kujizoesha — kama viatu vya shule! 

Ngazi ya juu ilisogea upana wa kidole. Nimeziba pengo kwa krimu na ua la sukari. Mstaafu kasema hajawahi kuona ua limewekwa pazuri hivyo.


Alhamisi, 6 Machi

Nati zimelegea. Nimezijaribu asubuhi, sijui nini kilinituma. Gurudumu la mbele kushoto, nati mbili zimezunguka bila kubisha. Nimezikaza zote kwa kupanda juu ya spana kwa miguu miwili. Jirani kapita, kauliza kama hayo ndiyo mazoezi ya kupunguza mwili. Nikamwambia ndiyo, na yanasaidia.

Sikumwambia Kapteni. Alikuwa ndani anavaa viatu ili tuondoke. Anavaa mwenyewe siku hizi, na ole wako umsaidie.

Mchana dada wa mazoezi kutoka hospitali alikuja kumtazama mkono. Kaleta chupa tupu za plastiki: kila siku afungue na kufunga vifuniko kwa vidole vya kushoto. Kapteni kazisukuma chini ya meza kwa mguu. Kasema yeye si mtoto wa chekechea. Dada hakubishana, anamjua. Kaniomba tu tusisahau tarehe ishirini na mbili. Anaolewa siku hiyo, keki ni yetu, ngazi tano, na ukumbi uko ng'ambo ya kilima, njia yote ni barabara kubwa.

— Na nataka Kapteni mwenyewe aje nayo, akasema. Sitaki keki iliyokuja peke yake.

Kapteni kamjibu keki yake itafika kama yai tumboni mwa kuku. Amekwisha kuahidi, basi.


Ijumaa, 7 Machi

Zimelegea tena. Zilezile, na moja ya nyuma.

Nimempigia simu Jicho. Amecheka. — Shemeji, jicho hili halijanidanganya hata siku moja. Bolti tano, matundu matano, imeingia. Ulitaka iingieje tena?

Nikamuuliza iliingia kwa wepesi? Akasita. Akasema ilihitaji kubembelezwa kidogo. Kubembelezwa vipi? Kwa spana yenye bomba refu.

Mimi magari siyajui. Naendesha tu, na hilo nimelijua ukubwani. Lakini kitu kinachoingizwa kwa bomba refu hakijaingia, kimelazimishwa. Hata mfuniko wa bati la keki unanifundisha hivyo kila siku.


Jumamosi, 8 Machi

Keki ya bibi mmoja anayetimiza miaka themanini. Nilikaza nati kabla ya kuondoka. Tulipofika kwenye mteremko nikasikia: tak, tak, tak. Upande wa kushoto, mbele.

Nikamtazama Kapteni. Mtu huyu zamani alikuwa akisikia beringi inayotaka kufa wiki mbili kabla haijafa. Abiria wake walisema anaongea na injini. Amesikia. Niliona sikio lake likigeuka. Kisha akanyoosha mkono wake mzima, akaongeza sauti ya redio.

Nikaendesha mwendo wa jongoo mpaka tukafika. Watu nyuma wakipiga honi, mmoja akanitukana mimi na ukoo wangu wote. Nilipozunguka gari, nati moja haipo kabisa. Bolti iko wazi, imekwaruzwa upande mmoja.

Nimeogopa. Naandika neno hilo hapa kwa sababu sina pa kulisema. Naogopa gurudumu. Na ninaogopa zaidi kile kiti kinachotazama ukuta. Nikisema rimu hizi zitoke, ninamrudisha pale kwa mkono wangu mwenyewe.


Jumapili, 9 Machi

Binti yetu amekuja na mumewe na mtoto. Tulikuwa watano mezani. Nilikuwa na keki iliyobaki, ile ya majaribio ya harusi, nikashika kisu.

Keki ya watu sita naikata nimefumba macho. Kisu kinaanzia hapa, kinaishia pale mkabala, mara tatu, kwisha. Ya watu watano ndiyo kichomi. Kila ukianzia kwenye mstari, ng'ambo ya pili kisu kinaishia katikati ya vipande viwili. Hakuna mkabala. Nimekata keki miaka yote hii na leo ndiyo kisu kimesimama hewani.

Binti akaniuliza, mama, vipi? Nikasema hakuna, nawaza.

Kapteni ameendesha mabasi na malori ujana wake wote. Bolti sita, bolti nane, zote zinatazamana. Unaweka futi kwenye tundu, unakwenda moja kwa moja hadi tundu la mbele yake, umepata kipimo. Gari letu lina bolti tano. Amesema alipima kwa futi. Alipima kutoka tundu gani kwenda wapi?


Jumatatu, 10 Machi

Asubuhi Kapteni akioga nimeburuta rimu ya akiba, ile mpya, nikailaza karibu na ile kuukuu yenye ufa. Nimechukua kadibodi mbili za kuwekea keki, zile za duara. Nimepaka kakao kuzunguka kingo za matundu ya rimu ya zamani, nikakandamiza kadibodi juu yake kwa kiganja. Miduara mitano ikabaki, safi kabisa, na mmoja mkubwa katikati. Nikafanya vivyo hivyo kwa mpya. Kisha nikakata miduara kwa kisu chembamba cha kuchongea maua.

Nikaweka moja juu ya nyingine. Tundu la kwanza likalingana. Nikatazama mengine. Hayalingani! Yale ya upande wa mbali yamepishana unene wa njiti ya kiberiti. Ni kidogo hivi kwamba jicho la binadamu linasamehe. Bolti haisamehi. Inavutwa ikae upande, nati inauma pembe tu, gari likitembea inaachia.

Nimesugua mgongo wa rimu ya zamani kwa chuma cha kusugulia masufuria mpaka namba zikatokea. Mia moja kumi na nne na kitu. Kwenye mpya imeandikwa mia moja kumi na mbili. Sijui zote zinasema nini, lakini najua kumi na nne si kumi na mbili.

Njiti ya kiberiti ndiyo inayotaka kutuua. Nimepiga moyo konde. Kesho namwambia.


Jumanne, 11 Machi

Nimemwambia. Baada ya chai, taratibu, kadibodi zote mbili mezani. Nilikuwa nimejiandaa kwa kelele. Nilitamani kelele.

Alizishika, akaziinua mwangani, akaziona. Akaziweka chini.

— Jicho alisema ni saizi yake.

— Jicho aliangalia tu, nikamwambia. Ulipima wewe.

Ulimi hauna mfupa. Nilitaka kumpa heshima, nikampa hukumu. Akainuka. Akaenda kwenye kiti chake. Kile. Chakula kimepoa mbele yake.


Jumatano, 12 Machi

Gari haliondoki. Ufunguo nimeuzika kwenye pipa la unga.

Keki ya leo nimeipakata kwenye gari la jirani, magoti yamekufa ganzi. Jirani kauliza lenu limepata nini. Nikasema linapumzika.

Kapteni: ukuta.


Alhamisi, 13 Machi

Binti amepiga simu. Anasema mama, muombe msamaha, mwambie zibaki, mtaendesha polepole tu. Nikamwambia polepole ni mwendo wa mtu anayefika. Nati haijui polepole, inajua kufunga na kufungua. Akasema mimi nina kichwa kigumu. Nikamwambia ndiyo, na wewe umekirithi.

Lakini nilipokata simu nilikaa kitako kwenye gunia la sukari. Maji yamezidi unga. Harusi ni wiki ijayo. Ninaweza kukodi gari lingine kwa siku moja, hilo si tatizo, keki itafika. Ila itafika peke yake, na dada wa mazoezi amekwisha kusema hataki hivyo, wala mimi sitaki. Nataka rimu zinazokaa, na ninamtaka yeye kwenye kile kiti cha pembeni akinipigia kelele za gia. Vyote viwili. Sitachagua kimoja.

Jioni nilimpelekea chai. Nikamwambia, baba, mimi ninakuhitaji barabarani. Sitakudanganya ili nikupate. Hakugeuka. Ila chai ameinywa.


Ijumaa, 14 Machi

Nilikuwa nakoroga krimu, nikatazama dirishani. Kapteni yuko uani! Ameketi kwenye kigoda changu cha kufulia, rimu ya zamani mbele yake, ya akiba kando, kadibodi ya kwanza juu ya goti. Futi mkononi. Sikutoka. Nimezima mashine ya kukorogea tu, nikasimama nyuma ya pazia kama mbea.

Akaweka ncha ya futi kwenye tundu. Akaivuta kwenda mbele. Ikafika pasipo na kitu, katikati ya matundu mawili. Akairudisha, akajaribu tundu lingine. Pasipo na kitu. Akakaa hivyo muda, futi imenyooka hewani kwenye mkono mmoja.

Nikatoka na sahani ya vipande vya keki vilivyokatika vibaya. Hicho ndicho kisingizio chetu cha kawaida. Akachukua kimoja. Hakunitazama.

— Nilikuwa napima tundu la sita, akasema.

Nikaiweka sahani chini, kando ya rimu.

— Gari lina matano. Mimi nikaweka futi pale ambapo la sita lingekuwa. Nikakisia. Miaka yote ile, mkono ulienda wenyewe.

Nikamwambia hata mimi nilikuwa nakata keki ya watano bila kujua nakata nini. Akatikisa kichwa. Kisha, baada ya kutafuna:

— Lile tak tak nililisikia.

— Najua.

— Niliongeza redio.

— Najua, Kapteni.

Akajifuta makombo. Akasema, kwa sauti ya mtu anayeuliza saa: ufunguo uko kwenye pipa la unga? Nikasema ndiyo. Akasema ubaki hukohuko. Kisha akaniamuru nimpigie Jicho. Kuniamuru! Nikaenda mbio.


Jumamosi, 15 Machi

Jicho amekuja na gari lake la mizigo, rimu zimepangwa nyuma kama sahani. Zetu za zamani amekwisha kuziuza kama chuma chakavu. Nikampa kadibodi. Kaigeuza pande zote kama mtu aliyepewa barua ya lugha ya kigeni.

— Shemeji, miaka yote hii nauza rimu, leo napewa boksi la keki?

Kapteni kamwambia, weka boksi juu ya rimu, kaka, acha siasa.

Kila aliyoisifia, kadibodi imeikataa. Jicho kaanza kutoka jasho. Mwisho akaleta shauri: hizi hizi nzuri mlizo nazo tutoboe upya, tupanue matundu kidogo, zitaingia kama mkono kwenye mfuko. Nilitaka kusema, Kapteni kaniwahi. Kasema ukipanua tundu, nati itakalia nini? Itakalia hewa. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na huu ukuta utakuwa wa kaburi.  Mimi nikaingia ndani kuficha uso.

Kisha Kapteni alinifundisha namba, tumeinama wote juu ya rimu yenye ufa. Ile kumi na nne ni duara la bolti. Nyingine ni tundu la katikati, lazima libane kwenye kitovu cha gurudumu, likiwa kubwa usukani unacheza, likiwa dogo rimu haikai. Nyingine ni jinsi rimu inavyoingia ndani au kutoka nje: ikiingia sana tairi linalamba springi, ikitoka sana linalamba bati. Na ile ya mwisho ni mzigo inaoweza kubeba, kwa sababu gari letu si la kupelekea watoto shule, linabeba jokofu na keki na mimi.

— Na wewe, nikamwambia.

— Mimi ni abiria tu, akasema. Lakini safari hii alikuwa anacheka.


Jumatatu, 17 Machi

Shehena ya pili ya Jicho. Duara la bolti limelingana! Nilipiga kofi. Tukainua gari kwa jeki, Jicho akapandisha rimu, bolti zote tano zikatokeza vizuri. Haikukaa. Imebaki na pengo nyuma, unaweza kupitisha kadi ya simu. Tundu la katikati ni dogo kuliko kitovu, kwa unywele tu, hata kadibodi haikuliona.

Jicho kasema ukikaza itajivuta. Mimi na Kapteni tukasema hapana kwa pamoja, neno moja, mdomo mmoja. Jicho katutazama, kasema nyie mmekuwa wabaya.

Kapteni kachoka leo. Nimemwona akijishika ukuta kurudi ndani. Ameketi kwenye kiti chake. Lakini amekigeuza. Kinatazama dirisha, na gari.


Jumanne, 18 Machi

Dada wa mazoezi alikuja. Hakumkuta ndani, kamkuta uani anamsomea Jicho namba kwenye simu, kwa sauti ya kituo cha mabasi. Kauliza habari za vifuniko. Nikamwonyesha chini ya meza, chupa zilezile, zimeshika vumbi. Akahuzunika. Kasema vidole visipotumiwa sasa, baadaye havitakumbuka. Kamwambia Kapteni mwenyewe. Kapteni kasema ndiyo, ndiyo, ndiyo, tatu, maana yake hapana.

Nimeanza ngazi ya chini ya keki yake. Itakuwa ya ndimu. Sijui itaendeshwa na nini.


Jumatano, 19 Machi

Jicho amefika asubuhi. Kashusha rimu nne. Za chuma. Zimepauka, moja ina rangi ya kijivu na nyingine nyeusi, hakuna inayofanana na mwenzake. Nilijua Kapteni atazikataa kwa sura.

Kadibodi ikalala juu ya ya kwanza. Miduara mitano, mitano. Wa katikati, sawasawa. Nikashusha pumzi. Kapteni kaipindua, kasoma mgongo kwa sauti, namba moja baada ya nyingine, na mimi nikisoma zangu kutoka kwenye ile yenye ufa. Duara. Katikati. Kina. Mzigo: hii ya Jicho imeandikwa zaidi ya yetu.

— Mbaya kama mimi, Kapteni kasema, lakini zinakaa.

Halafu kamuuliza Jicho nati ziko wapi. Jicho kasema zilizopo si zipo? Kapteni kasema zile ni za alumini, kitako chake, pale nati inapokalia rimu, ni kingine, chuma kinataka nati zake. Jicho kapiga paji la uso, karudi garini kuzitafuta. Kasema shemeji, na mimi nikatie kadibodi moja, ya gari la aina hii, na nyingine ya yale ya bolti sita. Nikamwambia ya sita huihitaji, muulize huyu. Wote wawili wakacheka mpaka Jicho akakaa chini.

Saa hizi ni alasiri. Naandika nikiwa mlangoni mwa jikoni, kitabu juu ya goti. Gari liko juu ya jeki, mawe nyuma ya magurudumu. Jicho amepandisha rimu ya kwanza, mbele kushoto, ile ya tak tak. Imeteleza kwenye bolti bila bomba, bila kubembelezwa. Nyuma hakuna pengo. Mawingu yamejikusanya, Jicho anataka kumaliza upesi, ameshika spana ya msalaba.

Kapteni amesema ngoja. Amevuta kigoda, ameketi mbele ya gurudumu. Amesema nati inayokaa sawa inaanza kwa vidole. Ikigoma vidoleni, usiifunge.

Amenyoosha mkono, Jicho kampa nati. Kaishika kwa mkono wa kulia, kaisogeza kwenye bolti. Imeshika. Sasa amesita. Anaitazama. Ameshusha mkono wa kulia gotini.

Ameinua wa kushoto.

Vidole vinatetemeka. Viwili tu vinafanya kazi, kidole gumba na cha shahada, vingine vimejikunja. Anageuza. Robo. Anapumua. Robo nyingine. Nati inakwenda. Jicho kasogea na spana, Kapteni kasema usiguse, bila kugeuka. Jicho kaiweka spana chini kabisa, kwenye mchanga. Nati inakwenda. Jasho linamtoka shingoni, na inakwenda, hadi imegusa rimu.

Amecheka? Sijui, ninaona mgongo tu. Zimebaki nne kwenye gurudumu hili, na magurudumu matatu hatujayagusa, na tone la kwanza la mvua limeanguka kwenye ukurasa. Harufu ya ndimu imefika hadi hapa mlangoni. Ngazi ya pili imeiva, imepita kuiva, natakiwa niinuke nikaitoe jikoni kabla haijaungua.

Ameomba nati nyingine. Kwa mkono uleule.

Iungue.